Punda Afundishwe Kabla Hajabebeshwa

Asante ya punda ni mateke, tunasema tunapomlaumu mtu aliyetendewa wema akalipa ubaya. Kwa binadamu anayelengwa methali hiyo haina kosa, lakini punda mwenyewe amesingiziwa. Macho yake yamekaa pembeni mwa kichwa na humwonyesha karibu pande zote kwa mara moja, isipokuwa sehemu mbili: mbele kabisa ya paji la uso, na nyuma kabisa ya mkia. Sasa tazama anaposimama mwenye mkokoteni akitaka punda aondoke. Anasimama nyuma, pale pale asipoonekana, na salamu ya kwanza anayotoa ni fimbo. Mnyama aliyeumbwa kuishi nyikani pamoja na simba na fisi, akiguswa ghafla na kitu asichokiona, hurusha miguu kwa jibu alilozaliwa nalo. Anayeona hapo utovu wa shukrani ajiulize kwanza kama kuna mtu yeyote aliyewahi kumfundisha punda huyo kwamba mkono unaomgusa nyuma ni mkono wa anayemjua.

Ninachodai ni jambo moja, nalo si gumu kulieleza. Kabla punda hajawekewa soji, hajafungwa kwenye mkokoteni na hajapandwa na mtoto anayetumwa maji, apewe wiki kadhaa za kufundishwa na mtu aliyesimama chini, ubavuni pake, mkononi akiwa na kamba tu. Waingereza kwa miaka mingi wameiita kazi ya kumwanzisha farasi kwa neno lao la kuvunja, na kweli wengi wao walivunja. Kiswahili kina neno bora zaidi: kuzoeza. Mnyama huzoezwa mkono kwanza, apapaswe shingo, mgongo, tumbo na mapaja hadi asishtuke tena. Huzoezwa hatamu, kisha kutembea kando ya mtu, kusimama akiambiwa asimame, kurudi nyuma hatua mbili tatu, na kutulia kamba ikiwa imelegea. Huinuliwa miguu mmoja mmoja ili siku ya kusafisha au kukata kwato isiwe siku ya vita. Ndipo soji huletwa ikiwa tupu, ainuse, iwekwe mgongoni na kutolewa, iwekwe tena na kutolewa tena. Madumu matupu hugonganishwa mbali, halafu karibu, halafu huning'inizwa ubavuni pake. Atakayevuta mkokoteni huvuta kwanza tairi kuukuu, ili azoee kitu kinachomfuata nyuma bila kumfukuza. Mzigo wa kweli huja mwisho wa safari hiyo, na unapokuja punda hana jipya la kuogopa isipokuwa uzito wenyewe.

Kuna sababu ya mfundishaji kuwa chini na si juu. Mgongo wa punda au farasi ndipo mahali ambapo, porini, hurukiwa na simba. Anayeanza somo kwa kurukia mgongoni anaanzia mahali penye hofu kubwa kuliko pote katika mwili wa mwanafunzi wake. Aliyesimama karibu na bega huonekana vizuri. Na yeye huona masikio yanavyogeuka, pua inavyotanuka, mkia unavyobana, akatambua hofu ingali ndogo na kuipunguza kabla haijawa teke. Aliyeko juu au nyuma hugundua hofu hiyo baada ya kuangushwa au kuumizwa.

Watu wa farasi wamelijua jambo hili tangu zamani. Xenophon wa Athens, askari na mwandishi wa karne ya 4 kabla ya Kristo, aliandika kitabu kizima juu ya farasi, na humo anashauri kwamba mwanafarasi asipelekwe kwa mfundishaji kabla hajawa mpole na kumzoea mtu. Anataka mtunzaji ahakikishe kwamba njaa, kiu na kero ya nzi mnyama huyapata akiwa peke yake, na chakula, maji na nafuu huvipata kwa mkono wa mtu. Anataka pia apitishwe katikati ya umati na mbele ya vitu na kelele za kila aina, na akiogopa aonyeshwe bila ukali kwamba havina madhara. Katika Shule ya Kihispania ya Farasi huko Vienna, ambayo historia yake inarudi hadi karne ya 16, farasi weupe wa Lipizza huachwa wakue malishoni hadi wanapokaribia miaka minne, kisha huanza kwa kuzungushwa kwa kamba ndefu, mfundishaji akiwa chini, kabla ya mtu kukaa mgongoni. Hata wakishakuwa magwiji, mienendo yao migumu zaidi huendelea kufundishwa na mtu anayetembea kando yao.

Msomaji anaweza kusema kwamba Vienna na Athens ziko mbali, na kwamba huku kwetu farasi ni wachache. Ni kweli. Mbung'o na tauni ya farasi vilihakikisha kwamba sehemu kubwa ya Afrika Mashariki haikuwa nchi ya farasi. Lakini punda ni wa hapa kuliko farasi alivyo wa Ulaya. Utafiti wa vinasaba uliochapishwa mwaka 2022 katika jarida la Science ulionyesha kwamba punda wote wa kufugwa duniani wanatokana na wale waliofugwa mara moja tu, upande huu wa mashariki wa Afrika, yapata miaka 7,000 iliyopita. Ingekuwa aibu tukiwaachia wengine elimu ya kumfundisha mnyama ambaye bara letu ndilo lililompa dunia.

Sayansi ya leo imeeleza kwa nini ushauri wa Xenophon hufanya kazi. Punda na farasi hujifunza zaidi kutokana na kile kinachokoma. Ukivuta kamba kwa upole na mnyama akapiga hatua moja, ukalegeza papo hapo, amejifunza kwamba hatua ndiyo iliyoondoa mvuto. Ukichelewa kulegeza, hata kwa sekunde chache, hajui tena ni kitendo gani kilicholeta nafuu. Hapa ndipo fimbo inaposhindwa, na inashindwa kama chombo cha kufundishia hata kabla hatujazungumzia ukatili wake. Punda anayepigwa akisimama, akapigwa tena akitembea ili aongeze mwendo, akapigwa hata akikimbia kwa sababu mkono wa mpigaji umezoea, haoni uhusiano wowote kati ya anachofanya na anachofanyiwa. Baada ya muda huacha kutafuta jibu. Husimama, masikio yakiwa yameanguka, akipokea fimbo kama anayepokea mvua. Mwenye punda husema ameota sugu. Kwa kweli amekata tamaa, na mnyama aliyekata tamaa hafundishiki kwa urahisi tena.

Nisingependa mtu adhani kwamba kila kinachofanywa na mtu aliyesimama chini ni chema. Marekani na kwingineko imekuwa maarufu mbinu ya kumkimbiza farasi ndani ya uwanja wa duara hadi achoke kukimbia, ageuke na kumfuata mtu, na watazamaji huambiwa kwamba amemchagua mtu huyo kuwa kiongozi wake. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Sydney waliirudia mbinu hiyo wakitumia kigari cha kuchezea kinachoendeshwa kwa rimoti mahali pa mtu, na farasi wakajifunza kukifuata kigari. Hakuna farasi anayemwona mwanasesere wa magurudumu kuwa kiongozi wake. Walichofuata ni nafuu: walipokikaribia, shinikizo lilikoma. Somo ninalolipata hapo ni kwamba mfundishaji wa chini hahitaji kipaji cha ajabu wala maneno ya siri. Anahitaji kulegeza kwa wakati, na kutotia hofu asiyoweza kuiondoa. Hilo kijana yeyote wa kijijini anaweza kujifunza, na wengi wangelifanya vizuri kuliko wakubwa wao kwa kuwa ndio wanaoshinda na wanyama.

Hoja ya pili inatoka kwenye mifupa. Mifupa ya punda, kama ya farasi, hukua kutoka kwenye tabaka za gegedu zilizo karibu na ncha zake, na tabaka hizo hazigeuki kuwa mfupa mgumu kwa siku moja. Za chini ya mguu hufunga mapema. Za uti wa mgongo hufunga mwisho, mnyama akiwa amekwisha kuonekana mtu mzima kwa miaka kadhaa. Ndiyo maana wataalamu wa punda hushauri asipandwe kabla ya kutimiza miaka minne. Sasa hesabu: dumu moja la maji la lita 20 lina kilo 20, madumu manne ni kilo 80, na punda wetu wengi hawafiki kilo 200. Mwanapunda wa miaka miwili anayebebeshwa madumu manne anabeba karibu nusu ya uzito wake, na pengine zaidi, juu ya mgongo ambao bado unajengwa.

Wapo watakaonikumbusha kwamba samaki hukunjwa angali mbichi. Nakubali, na ndiyo maana nasema somo lianze mapema. Kinachopaswa kusubiri ni mzigo. Mwanapunda anaweza kuguswa tangu wiki ya kwanza ya uhai wake, akavaa hatamu akiwa bado ananyonya, akatembea barabarani kando ya mama yake akizoea pikipiki, mbwa na honi za malori. Wapo pia watakaotaja farasi wa mashindano, ambao hupandwa kabla ya miaka miwili, na watakaosema kwamba mazoezi ya mapema huimarisha mifupa. Mazoezi ndiyo, na utafiti juu ya farasi wachanga unaunga mkono mwendo na mbio fupi fupi. Lakini mbio fupi malishoni na kilo 80 za maji kutoka bondeni kila siku ni vitu viwili tofauti. Miaka ile ambayo mgongo unasubiri kukomaa haina haja ya kupita bure, maana karibu yote ninayoyadai hapa yanaweza kufundishwa bila kuweka kilo moja mgongoni.

Pingamizi lililo zito kuliko yote ni la umaskini. Aliyenunua punda kwa fedha za mkopo anahitaji maji yauzwe leo, kwa sababu watoto wanakula leo. Nalichukulia pingamizi hilo kwa uzito wote, na sitaki kulijibu kwa maneno ya huruma. Nalijibu kwa hesabu. Dakika 15 kwa siku kwa wiki sita ni saa 10 na nusu kwa jumla, yaani takriban siku moja ya kazi ya mkokoteni iliyogawanywa vipande vidogo na kufanywa jioni, punda akiwa amerudi kwenye malisho. Weka upande wa pili madumu yaliyopasuka siku aliposhtuka, mkokoteni uliopinduka na kumwaga mchanga, kidonda cha mgongoni kilichotokana na soji aliyofungiwa akipigana na kamba, na majuma ambayo punda mwenye kidonda hicho hapaswi kufanya kazi. Weka mguu wa mtoto uliovunjwa na teke, maana mara nyingi watoto ndio wanaotumwa. Punda anayetunzwa vizuri anaweza kuishi zaidi ya miaka 30. Anayeanza kazi akiwa mchanga, kwa hofu na kwa vidonda, huchakaa mapema, na mwenye fedha kidogo hurudi mnadani kununua mwingine. Umaskini ni sababu ya kumfundisha punda kwa makini zaidi, kwa kuwa maskini hana punda wa pili.

Bei nayo imebadilika. Biashara ya ngozi za punda, zinazochemshwa kutengeneza gundi inayotumika katika dawa za jadi za China, ilifagia wanyama hawa kwa kasi ambayo vijiji havikuitazamia. Sensa ya Kenya ya mwaka 2009 ilihesabu punda wapatao milioni 1.8, ile ya 2019 ilihesabu kama milioni 1.2. Februari 2024 wakuu wa nchi za Umoja wa Afrika walikubaliana kusimamisha biashara hiyo barani kote. Uamuzi ule ulikuwa wa haki, na utekelezaji wake unastahili kulindwa na kila mwenye kujali maisha ya vijijini. Lakini kumwokoa punda asichinjwe kisha kumrudisha kwenye fimbo ile ile ni kazi iliyoishia nusu ya njia.

Kuhusu ukaidi, nadhani tumeisoma vibaya tabia ya punda kwa sababu tunampima kwa kipimo cha farasi. Farasi ni mnyama wa tambarare na kundi kubwa. Akishtuka hukimbia, kisha huuliza. Punda mwitu wa Pembe ya Afrika huishi jangwani, ambako malisho hayatoshi kundi kubwa, na dume hulinda eneo lake peke yake. Kukimbia ovyo juani, bila kundi na bila maji, ni kujimaliza. Kwa hiyo punda akiona jambo geni husimama, hutazama, hupima. Sisi tunakuita kusimama huko ubishi, tunainua fimbo, na tangu hapo jambo geni na maumivu huwa kitu kimoja akilini mwake. Kesho akiliona daraja lile lile au dimbwi lile lile la maji atasimama mbali zaidi. Aliyefundishwa kutoka chini hupewa nafasi ya kutazama, mtu hutangulia kukanyaga daraja, kamba hulegezwa kwa kila hatua, na baada ya mara chache daraja halina habari tena. Katika vichochoro vya Lamu, ambako punda na mpita njia hupishana bega kwa bega, mnyama anayesimama kufikiri ni salama kuliko yule ambaye angetimua mbio.

Na nikitaja Lamu nalijibu pia pingamizi la wale wanaosema kwamba hizi ni tabia za kigeni, kwamba wazee wetu walifuga punda bila masomo. Wazee walikuwa na somo, ila hawakulipa jina. Lamu bado utaona mwanapunda akimfuata mama yake mitaani, bila mzigo, akijifunza ngazi, kuta, watoto na kelele za gati kabla ya zamu yake kufika. Na vijana wanaoshindana mbio za punda wakati wa Maulidi huwajua wanyama wao kwa kuishi nao. Wakulima wa plau wana ushahidi ulio wazi zaidi. Mkulima wa Usukumani au wa Mbeya anayetaka maksai hafungi nira asubuhi na kuingia shambani mchana. Huwazoesha kamba, humfunga mchanga pamoja na mzee anayejua kazi, huwavutisha gogo kwa siku nyingi, na huwapa majina ili waitike. Mtu huyo huyo, akinunua punda mnadani Jumamosi, Jumapili amemfunga kwenye mkokoteni. Sioni sababu ya tofauti hiyo isipokuwa kwamba ng'ombe tunamheshimu kwa sababu ni mali, na punda tumemzoea kama kitu cha kutumika hadi kiishe. Maarifa tunayo tayari, kwenye zizi la pili.

Sheria zipo. Tanzania ina Sheria ya Ustawi wa Wanyama ya mwaka 2008, na Kenya ina sheria ya tangu zamani inayozuia ukatili kwa wanyama. Zote mbili zinafaa, lakini sheria humfikia mtu akiwa tayari ameshika fimbo. Afisa mifugo anaweza kumfikia kabla. Akija kutoa chanjo au dawa za minyoo, ana nafasi ya kuonyesha kwa dakika chache jinsi ya kulegeza kamba kwa wakati na jinsi ya kuinua mguu bila kupigana, na yeye mwenyewe angefaidika, maana punda asiyeguswa ndiye anayewaumiza madaktari wa mifugo. Vyuo vya mifugo vinavyomfundisha mwanafunzi kumtibu punda vimfundishe pia kumkaribia. Vikundi vya wenye mikokoteni mijini, ambavyo tayari vina viongozi na daftari za wanachama, vinaweza kukubaliana kwamba punda mpya hafungwi mkokoteni kabla ya kuonekana akitembea na kusimama kwa kamba iliyolegea.

Kisha kuna mnada wenyewe, ambako fedha huamua. Leo mnunuzi humfungua punda mdomo akahesabu meno, hukagua kwato, hupapasa mgongo kutafuta makovu, kisha yeye na muuzaji huanza kupatana bei. Aongeze jambo moja kabla ya kutoa fedha: aombe kamba, asimame kando ya bega la punda, atembee naye hatua 20 katikati ya kelele za mnada, asimame, ainue mguu mmoja wa mbele na mmoja wa nyuma, kisha aweke gunia tupu mgongoni. Punda anayetulia kwa hayo yote auzwe ghali kuliko mwenzake anayerusha miguu, na muuzaji ajue bei imepanda kwa sababu gani. Mnada ukifuata desturi hiyo kwa msimu mmoja, wafugaji wataanza kuwagusa wanapunda wao nyumbani bila kusubiri kuambiwa na serikali.